Arusha Siyo Hospitali ya Rufaa

Shikamoo mshauri. Miaka mingi nimekusoma ukiwagombeza watu nikacheka, leo ni zamu yangu, na nakuomba unigombeze haraka maana muda sina.

Mimi ni mama wa miaka arobaini na moja, nauza viatu vya mitumba Mchikichini, mwaka wa kumi na tisa kizimba hichohicho, na tarehe tatu Machi tulifika asubuhi tukakuta vizimba vyetu ishirini na sita vimepigwa X nyekundu na karatasi imebandikwa tuondoke ndani ya siku saba, hakuna aliyeitwa, hakuna aliyeulizwa, basi tukakimbilia kwa wakili mmoja mwenye ofisi Upanga, dada wa Kihindi anaitwa Rinkal, akatupeleka Mahakama Kuu, na mahakama ikatoa zuio la muda kwamba usiguswe hata ubao mmoja mpaka maombi yetu yasikilizwe, na siku ya kusikilizwa ni Jumanne hii, tarehe ishirini na moja Aprili.

Sasa mwenyekiti wetu, Bwana Kitwana, amesikia redioni kwamba Arusha kuna Mahakama ya Afrika Mashariki ambako mtu wa kawaida anaweza kuishitaki nchi yake, na tangu siku hiyo hashikiki. “Leticia, hapa tunazungushwa tu, twende kwa wakubwa.” Nikamwambia kwamba dada Rinkal naye aliitaja Arusha, ila alisema na ya hapa tuendelee nayo. Akanicheka mbele ya watu. “Wewe mama, mgonjwa akihamishiwa Muhimbili si anaacha kitanda chake Amana? Chini wanafunga faili, ndiyo juu unapokelewa!” Ameshaandika barua ya kuyafuta maombi Mahakama Kuu, inataka saini yake na yangu maana mimi ndiye katibu, ameshakodi Coaster ya kuondoka Jumatatu, na akina mama wameshapimwa kitenge cha sare ya kwendea Arusha, kila nikipita naulizwa, “Katibu, vipimo vyako viko wapi, au unasusa?”

Nyumbani nako moto. Mume wangu Beno ni dereva kwenye ofisi ya serikali, aliposikia Arusha akaweka kijiko chini. “Mke wangu, unataka kumshitaki mama yako kwa majirani? Ya hapa endelea nayo. Hiyo nyingine ukisaini, jina langu lisionekane.” Hajawahi kunizuia jambo, na nikimwangalia naona anaogopa kweli.

Barua ya Kitwana iko kwenye mfuko wa aproni. Nikisaini naogopa kizimba kinaondoka, nisiposaini wenzangu watasema nimenunuliwa, na nikienda Arusha namvunja mume wangu moyo. Nifanyeje?

Leticia, Ilala

*

Marahaba, Leticia. Usisaini.

Kinachozuia nyundo isishuke ni zuio la Mahakama Kuu, na zuio hilo limening’inia kwenye maombi yenu. Mkiyafuta, nalo linaanguka. Coaster itakuwa haijafika Chalinze, na hapa nyuma hakuna hata karatasi moja ya kumwambia mtu aweke nyundo chini. Mtarudi na sare nzuri sana, mzivalie kwenye kiwanja kitupu.

Mwambie Kitwana, kwa heshima ya uenyekiti wake, kwamba Arusha siyo hospitali ya rufaa. Jaji wa hapa haandiki cheti cha kukuhamishia kule, na majaji wa kule hawajakaa juu ya kichwa chake wakingoja kumsahihisha. Hizi ni mahakama mbili zenye maswali mawili. Hapa Dar mnauliza: aliyepiga X alifuata sheria za Tanzania? Kule mnauliza: Tanzania imetimiza ahadi yake kwenye Mkataba wa Jumuiya ya Afrika Mashariki, ahadi ya kuongoza watu kwa sheria? Unaweza kuuliza yote mawili wiki moja. Mahakama ile haidai uzimalize kwanza mahakama za nyumbani, sembuse uzikimbie!

Inachodai ni haraka. Miezi miwili tangu tendo lifanyike au tangu ulijue, basi. Kwenu ni tarehe tatu Mei. Na hapa ndipo nawakasirikia wote: wakili wenu alishawatajia Arusha, ninyi mmekaa kupimana vitenge huku siku zinakwisha.

Nimechoka na watu wanaoiabudu mahakama kwa sababu tu iko mbali. Majaji wa Arusha hawana polisi wala mlinzi wa sokoni. Hukumu yao inarudi hukuhuku nyumbani kutekelezwa, na inaweza kuchukua miaka kabla haijatoka. Ukiiua kesi ya hapa, unashinda kule ukiwa huna cha kulinda huku.

Nimechoka vilevile na wanaosema kwenda kule ni kuianika nchi. Majirani gani, shemeji Beno? Mahakama hiyo Tanzania iliianzisha na wenzake, ikatia saini kwa hiari yake, na imeipa nafasi kwenye ardhi yetu. Nchi iliyokubali kuhojiwa na raia wake haivunjiwi heshima raia anapoihoji. Inachukuliwa kwa neno lake, na hiyo ndiyo heshima yenyewe. Ila wewe Leticia usiicheke hofu ya mumeo. Anakula mkate wa serikali na ana haki ya kuogopa. Kaa naye, mwambie wazi: waombaji ni wenye vizimba, jina la dereva halihitajiki popote. Ayasikie kwako kabla hajayasikia kijiweni.

Sasa fanya hivi. Leo hii mpigie wakili, aje sokoni kesho aeleze mbele ya wote ishirini na sita, Kitwana akiwa amekaa kiti cha mbele. Usimwaibishe, mpe kazi ya kuwaita watu, anaiweza. Barua ile mrudishie mkononi bila saini. Atakayesema umenunuliwa, mwulize akuonyeshe ni wapi ulipoandika kwamba msiende Arusha. Mnakwenda! Wakili aandae nyaraka na kuziwasilisha kabla Aprili haijaisha, na kwa hilo hamhitaji hata tiketi moja ya basi. Mpeni picha za zile X, ile karatasi iliyobandikwa na tarehe mliyoikuta. Coaster ifuteni.

Halafu Jumanne, saa mbili na nusu asubuhi, muwe mmeshakaa kwenye mabenchi ya Mahakama Kuu, wote. Jaji akiuliza kama waombaji wapo, usimwachie wakili ajibu peke yake. Simama, Leticia, na wenzako wasimame.