Makumbi ya Kiti cha Nyuma

Baba Maimuna,

Ni mie, mkeo. Kalamu sijui kuishika, hilo walijua, kwa hiyo anayeandika ni mwanao Maimuna. Mie nasema tu, naye nimemwambia aandike nitakavyosema, asinitengeneze.

Eda imekwisha juzi. Nimeoga, nimevaa, nimetoka mpaka kwa Bi Rehema jirani, na miguu imevimba kama ya mtu aliyetoka safari, kumbe ni kukaa. Yule mbuzi mweusi kazaa pacha. Paa la jikoni lavuja palepale ulipolitia bati ukasema halitavuja tena. Dada yako wa Mambrui hajambo, ila sikio moja halisikii, na lile jingine lasikia linalotaka. Bi Rehema mwenyewe...

Maimuna ananiuliza, "Mama, barua ni ya Bi Rehema au ya baba?"

Haya. Nazunguka kwa sababu naona haya. Jambo lenyewe ni la gari.

Wakumbuka siku Omari alipotuletea? Ilikuwa baada ya mwaka ule wa njaa, wa unga wa njano. Umepata kiinua mgongo chako, watu wakakwambia nunua ng'ombe, ukasema hutaki kitu cha kukufia. Omari ndiye aliyekuwa akiuza magari ya wazungu wanaorudi kwao, na mjini kila mtu akimwamini, maana gari likiwa bovu alikuwa akisema mwenyewe, hili bovu. Akaja na kigari kidogo, mgongo wa kobe, rangi ya maziwa. Wewe ukaenda mbele ukafungua utazame injini. Mna nini? Hamna kitu! Ukapiga kelele mtaa mzima ukatoka, "Omari! Umeniuzia gari tupu!" Naye akacheka mpaka kofia ikamwanguka, akakushika mkono akakupeleka nyuma. "Mzee, hili halivutwi, hili lasukumwa."

Tulikuwa watu siku zile. Twaenda Mambrui, mie mbele na buibui langu, Maimuna na wanawe nyuma wamebanana na mkungu wa ndizi. Ulikuwa huendeshi mbio. Pale daraja la Sabaki akatupita mtu wa baiskeli, akageuka akauliza, "Mzee, nikupelekee salamu mbele?" Ukanuna mpaka tukafika. Mie nilicheka ndani ya buibui, hukuniona.

Halafu ikaja ile Ijumaa. Ulirudi msikitini uso umekuiva, ukasimama mlangoni huingii. Mtu aliyesali nyuma yako alikutoa unywele kwenye kanzu, mwekundu mwekundu, mgumu, umejikunja. Pale barazani wakaanza, "Huu wa nini huu? Si wa mbuzi. Huu wa mbwa huu. Gari la mzungu hilo, kwani mzungu anakaa bila mbwa?" Ukaenda kwenye gari ukakuta nyingine zimetokeza kwenye mshono wa kiti cha nyuma. Ukaniletea juu ya kipande cha gazeti. "Mama Maimuna, tazama. Si za mbwa hizi?"

Nami nikatazama. Kwa macho tu. Mkono nimeuficha ndani ya kanga, maana kama ni za mbwa ni najisi, na mie nilikuwa na udhu wangu, sitaki kuuosha mkono mara saba. Nikasema, "Za mbwa."

Hapo Maimuna aandike vizuri. Uliniuliza, nikasema za mbwa.

Kilichofuata wakijua wewe na Malindi nzima. Omari aliapa pale barazani, "Wallahi, mzee, yule mama wa kizungu alikuwa na kasuku. Mbwa hakuwa naye." Nawe ukamjibu, "Kasuku ana nywele?" Watu wakaanguka kwa kicheko. Ulirudi nyumbani ukanisimulia mwenyewe, nami nikacheka, nikakwambia umemweza.

Ukasema gari litatoharishwa kama dini inavyotaka, maji mara saba, moja kwa udongo. Udongo wa mjini ukaukataa, ati umekanyagwa na kila kitu. Ukakodi mkokoteni mpaka Sabaki, ukarudi na gunia la udongo mwekundu. Tukateka maji kisimani, mie nachota, wewe wamwaga. Humwagi nje tu, wamwaga ndani, juu ya viti, chini ya viti, kila pembe. Tope likatoka milangoni likaenda mpaka kwa Bi Rehema. Omari akaja mbio hana hata viatu, "Mzee, betri iko chini ya hicho kiti! Mwalimaliza gari!" Ukamwambia, "Kaa mbali, muuza mbwa."

Jina likamshika. Omari Mbwa. Watoto akipita wanambwekea. Nani tena atanunua gari kwa Omari Mbwa? Sasa auza mafuta ya taa kwa kibaba, mlangoni kwake. Na gari letu halikuwaka tena. Fundi akaja, akatazama, akacheka, akaenda zake. Chumvi ya bahari ikalila chini mpaka ukiinua zulia waona kuku wanapita.

Siku ya maziko yako, mkweo, mume wa Maimuna, aliposimama kuwaomba watu radhi kwa ajili yako, mie nilikuwa ndani na wanawake, dirisha liko wazi. Sauti ya kwanza kujibu ilikuwa ya Omari. "Nimemsamehe, mbele ya Mungu." Nilikasirika, Baba Maimuna! Maiti ndani, mie najiambia, huyu atusamehe nini? Atuuzie mbwa, kisha atusamehe?

Sasa sikiliza. Nikiwa edani, kuku yule kishingo alikuwa akitagia ndani ya gari. Asubuhi moja nikatia mkono chini ya kiti cha nyuma kutafuta yai. Kiti kimepasuka chote kwa jua na lile tope. Mkono ukazama ndani. Nikashika.

Tangu sijavunja ungo napiga makumbi ya nazi. Wajua. Mama yangu alitulea kwa kamba. Tukiyafukia mchangani, tukiyafukua yananuka, tukiyapiga mpaka yakabaki nyuzi, tukiyasokota juu ya paja mpaka paja likawa gumu kama kisigino. Vidole hivi havihitaji macho. Nilivuta fungu zima, yametiwa gundi, yamekunjwa kunjwa, lakini nikayachambua, nikasokota kidogo hapohapo juu ya paja langu. Yakashika, yakawa kamba.

Makumbi, Baba Maimuna. Wazungu hujaza viti vyao makumbi. Hakuna mbwa. Hakujakuwa na mbwa.

Nilikaa chini nimeshika yai mkono mmoja. Aibu yenyewe sijui nikwambieje. Mtu asiyejua makumbi angeghafilika, asingelaumiwa. Ni mie! Ningetoa mkono ndani ya kanga nikashika unywele mmoja tu, ningekwambia, wewe mzee, hiki ni kiti, nenda kale. Omari angekuwa Omari mpaka leo.

Eda ilipokwisha, nyumba ya pili kwenda ilikuwa yake. Yeye hakuwako. Nikamkuta mkewe, Zuhura, nikampa lile fungu mkononi. Naye ni mtu wa Kibarani, Kilifi, makumbi ayajua kama mie. Alilifinya, akalinusa. Kisha akasema, "Bi Mwanamisi, mume wangu alisamehe. Mie sikuwako mazikoni. Wanangu wanabwekewa."

Nikamwambia nimekuja kuomba radhi. Akasema, "Mlimwita mbwa barazani, mwaja kumtaka radhi jikoni?"

Alisema kweli. Nikamwambia basi Ijumaa kiti kitatolewa, kitawekwa pale barazani, watu wakitoka kusali wakishike wenyewe, nami nitasema. Akanitazama, mie naona amenionea huruma, akanambia kwa sauti ndogo, "Utasema ni mzee. Yeye keshakwenda, hana haya tena. Mtwike yeye."

Na ni rahisi, wajua. Kila mtu alikusikia wewe. Mie hakuna aliyenisikia ila wewe, nawe huko uliko hutasema. Nilitembea kutoka kwa Zuhura mpaka nyumbani nikilifikiri, na nakwambia kweli, nililitaka. Mwanamke wa umri wangu, kusimama mbele ya wanaume waliotoka kusali, kusema mie ndiye.

Maimuna kasimamisha kalamu. Analia. Asema, "Mama, watu humtaja baba kwa dini yake. Ukisema hivyo watamcheka kaburini." Nimemwambia watacheka, ndiyo. Wataanza kukuita jina, labda Mzee Makumbi. Waswahili hawaachi. Nilimwona Omari jana akipima mafuta ya taa, mikono yanuka, mtoto wa jirani yake kabweka, naye hakuinua hata kichwa. Keshazoea. Hilo ndilo lililonichoma. Maimuna kafuta macho, sasa aandika.

Basi kesho ndiyo Ijumaa. Mkweo na Bi Rehema watanisaidia kukibeba kiti. Nimekwambia wewe kwanza, usije ukalisikia kwa watu, maana hukuwa ukipenda mambo ya nyumbani kutoka nje kabla hujaambiwa. Uniwie radhi. Nami nimekuwia yote, hata ya paa.

Lala salama, mume wangu. Mungu akupanulie hapo ulipo. Siwezi kukusafisha kwa kuficha, lakini na peke yako sikuachi. Nitasimama pale niwaambie, mume wangu aliniuliza, na mie nikasema za mbwa. Watakapokutaja wewe kwa jambo hili, wanitaje na mie.

Mkeo,
Mwanamisi