Kaka Anadhani Amefika Nusu

Mshauri wetu mpendwa, shikamoo. Naomba unisaidie, na naomba usinihurumie kabla hujafika mwisho wa barua hii, kwa sababu kila niliyejaribu kumsimulia amenihurumia mapema, halafu nikashindwa kumalizia.

Mimi ni mwanamke wa miaka thelathini na tisa, nafanya kazi benki kwenye kitengo cha mikopo ya nyumba, na aliye hatarini si mimi bali ni kaka yangu, ambaye mtaani na kazini wanamwita Cheche kwa kuwa ni fundi wa kuchomelea vyuma, amefanya kazi miaka ishirini na mbili katika karakana moja inayounda matela ya malori, na ndiye aliyenisomesha, maana baba alipofariki yeye aliacha shule akiwa na miaka kumi na sita akaenda kwanza kushika mashine kwa mafundi wa mtaani ili mimi nibaki darasani, na ada yangu alikuwa anailipa kwa noti zenye harufu ya chuma kilichoungua mpaka karani wa shule akawa ananitania, "Hivi hizi pesa mnazichoma kwanza ndiyo mnazileta?"

Miaka kumi iliyopita alikuja benki na nguo zake za kazi, akayapita madawati yote mpaka langu, akasema kwa sauti ili wenzangu wasikie, "Nimemfuata Bibi Benki wangu, simtaki mwingine." Alitaka milioni thelathini anunue nyumba ya vyumba vitatu, alipe kwa miaka ishirini. Ilikuwa tarehe ishirini na tisa, na kila mmoja wetu alitakiwa kufikisha mikataba mitano kwa mwezi, mimi nilikuwa na minne, na bosi alikuwa ameshapita mara mbili akiniangalia. Kaka akaniuliza swali moja tu.

"Mpaka namaliza, jumla yake inakuwa ngapi?"

"Kaka, wewe angalia ya mwezi. Laki nne na elfu kumi na saba. Unaiweza?"

"Nikijibana naiweza."

"Basi, nyumba yako hiyo."

Mshauri, jumla nilikuwa naijua. Ilikuwa milioni mia moja na ushee, imeandikwa chini kabisa ya ukurasa wa nane wa jedwali la marejesho, na ukurasa ule nilikuwa nimeufunika kwa kiganja cha kushoto huku kidole cha kulia kikimwonyesha pa kusaini. Akasaini pole pole kama mtu anayechora. Mwezi ule nilipata mkataba wangu wa tano na nikapewa friji kwa kuwa mfanyakazi bora.

Tangu hapo kila mwaka benki inamtumia taarifa ya mkopo, naye ananiletea bahasha bila kuifungua, ananiambia, "Nisomee wewe, macho yangu yamechoka," na mimi naifungua mbele yake, naitazama, nasema, "Unaendelea vizuri," na kweli alikuwa analipa vizuri, hajawahi kuchelewa hata siku moja, kwa hiyo nikawa najiambia kwamba sijadanganya.

Sasa Jumamosi ya juzi aliniita kwake mchana, nikamkuta amepaka rangi ya kijani ukuta wa mbele wa nyumba, lakini nusu tu, kuanzia kona mpaka katikati ya mlango, mstari umenyooka kama umepigwa kwa rula, nikamwuliza rangi imekwisha? Akacheka. "Haijaisha. Upande huu wangu, ule bado wa benki." Akanitolea daftari alilochora mstari kwa kila mwezi aliolipa, mistari mia na ishirini. "Miezi mia mbili na arobaini, nimekata mia na ishirini. Nusu ni nusu, au siyo, Bibi Benki?"

Halafu ndipo akaniambia jambo lenyewe. Daktari amemkuta na mtoto wa jicho macho yote mawili, ameambiwa aachane na moto mwaka huu huu, na kweli nimeona mwenyewe anavyorudi kazini akalala chali na vipande vya kiazi kibichi juu ya macho, machozi yanamchuruzika mpaka masikioni. Kwa hiyo ameamua kuacha kazi. Kiinua mgongo chake ni milioni kumi na sita. Kumi na tano atailipa benki, amalize ile nusu, na milioni inayobaki atafungua meza ya misumari na bawaba. Wifi yangu akaleta chai, akasema, "Wifi, tunakushukuru. Bila wewe mpaka leo tungekuwa tunagombana na mwenye nyumba kuhusu bili ya maji." Nikasema hongereni. Ndilo neno lililonitoka, mshauri, hongereni.

Jumatatu nilifungua akaunti yake kazini. Ameshalipa milioni hamsini. Deni lililobaki ni milioni ishirini na nne na laki tisa. Katika ile thelathini aliyokopa, miaka kumi imepunguza milioni tano tu. Nilijua itakuwa hivyo, lakini kujua ni kitu kimoja na kuona jina la kaka yako juu ya hiyo namba ni kitu kingine. Akitoa kiinua mgongo chote atabaki na deni la karibu milioni tisa, hana mshahara, na macho hana, na barua za kuwaonya wanaochelewa kulipa kabla nyumba haijauzwa zinatoka kwenye dawati langu, zina sahihi yangu.

Mume wangu ananiambia ninyamaze, nichukue mkopo wa wafanyakazi kwa siri nizibe hilo pengo, kaka asijue kitu, tuishi kwa amani. Tuna pia milioni sita tulizoweka kwa ajili ya kiwanja. Mimi naogopa swali moja tu, kwamba nikimwambia ataniuliza kama nilijua. Nimwambie, au nizibe kimya kimya?

Nimekaa na barua hii siku tatu bila kuituma. Leo asubuhi kaka amenipigia simu, sauti yake nyepesi kama ya mtu aliyetua mzigo. Ameshapeleka barua ya kuacha kazi. Anasema mwisho wa mwezi anaivua ile barakoa ya chuma na hataigusa tena.

Ni mimi, Bibi Benki

JIBU

Mwanangu, marahaba.

Barua yako haikuwa ya kusubiri gazeti litoke. Ilinifikia Jumatano na nikakupigia siku hiyo hiyo kwa namba uliyoandika nyuma ya bahasha. Umeniruhusu kuwaeleza wasomaji tuliyozungumza na yaliyofuata, na nashukuru, maana wako wengi wenye bahasha za benki kabatini ambazo hawajazifungua.

Kwanza niseme na hao. Riba ya mkopo wa nyumba haigawanywi sawasawa kama mkate. Kila mwezi benki inapiga riba juu ya deni lote lililobaki, inachukua yake kwanza, na kinachosalia ndicho kinachopunguza deni. Mwezi wa kwanza wa fundi huyu, katika laki nne na elfu kumi na saba, laki nne zilikuwa riba. Elfu kumi na saba ndizo zilizogusa deni. Ndiyo maana mtu anaweza kufika nusu ya kalenda akiwa bado yuko mlangoni mwa deni. Hakuna wizi hapo, mkataba unasema hivyo, ila unasema ukurasa wa nane.

Sasa wewe. Uliniomba nisikuhurumie, na nimekutii. Mkono wako wa kushoto ulimdanganya mtu aliyekulisha. Nimepiga hesabu nikaumia zaidi: kaka yako angeongeza elfu hamsini tu kila mwezi tangu mwanzo, angemaliza kwa miaka kumi na miwili na ushee. Elfu hamsini! Fundi wa kuchomelea geti la jirani siku ya Jumapili hakosi elfu hamsini. Ulikuwa na kila mwaka wa kumwambia, umepata bahasha kumi, na mara kumi umesema anaendelea vizuri. Usiniambie habari za bosi. Bosi alitaka mkataba wa tano, hakukuchagulia nani wa kumfunika macho.

Na huyo mume wako mwambie, kwa heshima, kwamba ushauri wake ni wa kuzima moto kwa mafuta ya taa. Ukope kwa riba kulipa riba, kwa siri, halafu siku ukiugua au ukifukuzwa kazi nyumba mbili zinaanguka badala ya moja? Mficha maradhi, kifo humuumbua. Nilikuambia Jumatano na narudia hapa: mtu hawezi kuamua maisha yake kwa namba ya uongo. Barua ya kuacha kazi inaweza kurudishwa kabla mwezi haujaisha. Mwezi ukiisha hairudi.

Alhamisi ulikwenda. Uliwaketisha wote wawili mezani, kaka na wifi, kama nilivyokutaka, kwa sababu nyumba ni ya wote, na ukaweka jedwali lote mbele yao, kurasa nane. Ulimsomea. Akakwambia soma tena. Ulipomaliza mara ya pili akauliza, "Mwaka wa kwanza nililipa milioni tano. Deni lilipungua ngapi?" Ukamwambia laki mbili na elfu ishirini na nne. Akamgeukia mkewe. "Mwaka ule ndio tulimtoa mtoto shule ya kulipia, tukampeleka hii ya bure ya karibu."

Wifi yako ndiye aliyeuliza lile swali. Wewe ulitegemea litoke kwa kaka, likatoka kwa mwingine. "Wifi, ulijua?" Ukasema nilijua. Hilo nakupa. Hukusema sikuwa na uhakika, hukusema kazini walinilazimisha. Kaka yako akasimama akaenda uani, na alipoulizwa anakwenda wapi alijibu, "Nakwenda kukaa tu." Ulimsubiri saa mbili. Hakurudi ndani mpaka ulipoondoka.

Ijumaa alikwenda mwenyewe kwa meneja wa karakana. Nafasi yake kwenye mashine imeshapata mtu, tena kijana mwenye macho mazima, lakini meneja anamfahamu kwa miaka ishirini na mbili, akampa stoo ya vyuma na misumari, kwa theluthi mbili ya mshahara. Habari hizi umezipata kwa wifi yako, tena kwa ujumbe wa mistari miwili, maana kaka yako hapokei simu yako. Jana ulinipigia unalia, unasema afadhali ungenyamaza.

Hapana. Ungenyamaza, mwezi ujao angekuwa hana kazi, kiinua mgongo kimemezwa, na karatasi ya mnada iko njiani kuja getini. Leo ana kazi isiyo na moto, kiinua mgongo chake kinaendelea kukua, na nyumba ana. Ana pia moyo uliovunjika, na huo umeuvunja wewe miaka kumi iliyopita. Alhamisi amepata habari tu.

Basi sikiliza. Mshahara wa stoo, ukitoa chakula na matumizi ya nyumbani, hautoshi marejesho, unapungukiwa laki moja na elfu arobaini. Hizo ni zako, kila mwezi, zikatwe kwenye mshahara wako moja kwa moja ziingie kwenye akaunti ya mkopo, usimpitishie mkononi ukamfanya ombaomba kwa dada yake. Kiwanja kisubiri. Ile milioni sita iingize kwenye deni wiki hii, lakini kabla ya kuitoa soma kama mkataba una faini ya kulipa mapema, na andika kwa maandishi kwamba inapunguza deni la msingi, isije ikahesabiwa kuwa ni marejesho ya miezi ijayo. Wewe ni mtu wa benki, unajua tofauti. Marejesho yakibaki pale pale, miaka kumi iliyobaki itakuwa chini ya sita. Wanaosoma hapa na wenye mikopo yao wajue hivyo pia: hela kidogo inayopiga deni la msingi leo inaua riba ya miaka mingi.

Macho yake yafanyiwe upasuaji, na gharama mgawane wewe na huyo mume wako mwenye amani. Taarifa ya mkopo ya kila mwaka ifunguliwe na mwenyewe, na kama haoni vizuri asomewe na mkewe, si wewe.

Kazini, mteja akikaa mbele yako, anza na ukurasa wa nane. Mikataba itapungua. Ipungue. Na hao vijana wapya ulioniambia unawafundisha kazi, waambie kwa nini.

Kuhusu kaka, usimpelekee watu wa kukuombea msamaha, wala usimwandikie ujumbe mrefu wa kulia, atachoka kukubembeleza wakati aliyeumia ni yeye. Anaweza akakusamehe mwaka huu, anaweza akakusamehe mkiwa wazee, anaweza asikusamehe. Hilo ni lake. Tarehe mosi, siku ya kulipa, inakuja, akikusalimia au asipokusalimia, na wewe ulipe.