Nafasi ya Dereva

Jumatatu, 4 Novemba. Riyadh
Madam yuko saluni tangu saa nne. Namngoja kwenye gari. Baba, mumewe na mwajiri wangu, anasema tunakaa huku wiki moja, kisha tunarudi Jeddah. Kilonzo amepiga simu. Ni rafiki yangu tangu Nairobi, sasa mlinzi kwenye lango la studio hapa mjini. Wanatafuta Mwafrika wa kuigiza dereva, tamthilia ya Ramadhani. Ajue Kiarabu kidogo, awe na uso uliochoka. Nimecheka. Uso ninao.

Jumatano, 6 Novemba
Nimefanya majaribio. Nairobi, miaka kumi na moja, jukwaani na kwenye TV, nimekuwa askari, mchungaji mlevi, mwizi, baba wa bibi harusi. Watu walinisimamisha barabarani: "Si wewe ni yule wa TV?" Jina hawakulijua kamwe. Leo ni dereva anayemwungamia bosi wake alichokiona. Mistari sita. Kilonzo alinisomea ya bosi. Mwongozaji akasema nirudie. Niliporudia, mwanamke wa vipodozi alifuta macho. Sijajiona mtu hivyo tangu nije nchi hii.
Nimewaachia namba ya Kilonzo. Baba hataki nipokee simu nikiwa kazini.

Jumapili, 17 Novemba. Jeddah
Baba amekubali. Siku tano, nikiitwa. Sikuamini. Kilonzo kimya.

Alhamisi, 21 Novemba
Kilonzo: "Mafi, ndugu, hakuna. Wamechukua Msudani."
Halas, imekwisha.
Nimeenda mtaa wa Sharafiya kula. Sahani nimeiacha ilivyokuja.

Jumatatu, 3 Machi
Baada ya futari, jikoni. Mwanaisha, mpishi wetu, mtu wa Mombasa, alikuwa akitazama ile tamthilia ya Ramadhani kwenye simu. Dereva akatokea.
Kilonzo.
Anasita pale pale nilipositia mimi. Anameza mate vile vile.
"Huyu si Mkenya huyu?" Mwanaisha akauliza.
Nikatoka nje kuosha gari. Lilikuwa safi.

Jumanne, 4 Machi
Nimempigia mara saba. Ya nane akapokea. Hakukana. Studio walipiga siku ya tatu tu baada ya majaribio, wakinitaka mimi. Akawaambia kafili wangu, yaani Baba, amekataa, lakini yeye mistari anaijua.
"Wewe ulipata miaka kumi na moja, ndugu. Mimi nilikuwa nakufungulia pazia."
Nimekata simu. Harusi yake nilimsimamia mimi. Mwanawe wa kwanza ana jina langu. Namchukia. Naandika hivyo na sifuti.

Ijumaa, 28 Machi
Sehemu ya mwisho. Dereva amekufa. Mwanaisha amelia mpaka leso ikalowa.
"Kaka, wewe huoni uchungu?"
Nikamwambia ni mchezo tu.
Mwezi mzima nimeketi naye hapa jikoni nikiomba Kilonzo aharibu. Asahau mstari. Atazame kamera. Hata mara moja.
Amecheza vizuri. Sijamwambia, wala sitamwambia.