Kisigino cha Anayeongoza

Jumatatu, 3 Machi

Kocha amemhamishia mdogo wangu kwenye njia yetu bwawani. Sindano, ndivyo tunavyomwita! Miaka kumi na mbili, mbavu unazihesabu. Kawekwa nyuma kabisa. Mimi naongoza, kama kawaida. Akakumbushwa sheria: ukimfikia wa mbele mguse kisigino, naye akifika ukutani akupishe. Nikamwambia asijisumbue kuikariri. Mimi sijaguswa tangu mwaka jana.

Jumatano, 5 Machi

Nimeguswa.

Wenzangu watatu alishawapita. Mara ya kwanza nikajifanya hamnazo. Mara ya pili nikapiga miguu kwa hasira — povu jingi, mwendo uleule. Ukutani sikumpisha. Kocha akauliza kama visigino vyangu vimekufa ganzi. Njia nzima ikacheka. Sindano akaja kuniambia samahani, dada. Bora naye angecheka.

Ijumaa, 7 Machi

Timu ya kupokezana imebakiza nafasi moja. Mimi au Sindano, kesho, mita mia. Mwakani nitakuwa nimepita umri, kwa hiyo ni kesho au basi. Naitaka mno.

Ila leo sikuguswa hata mara moja! Wakati wa kula nikamweleza Mama kwa kirefu siri ya mwendo wangu mpya: mabega, pumzi, moyo. Nikaonyesha na kijiko. Mama akasema vizuri. Sindano alikuwa anaangalia sahani yake.

Jumamosi, 8 Machi

Nimeshinda! Kwa urefu wa mkono. Nikarusha ngumi hewani, nikapaliwa na maji. Sindano kashika ukuta, hahemi hata kidogo. Nikadhani ni huzuni.

Baadaye nikiwa chooni nikamsikia, kule kwenye mabenchi ya kubadilishia nguo, anamuuliza Mama kama amefanya sawa. Mama akasema sawa kabisa, yeye bado ana miaka mingi, dada yake hana. Akamwomba asije akaniambia.

Kumbe ndiyo siri ya mabega na pumzi. Na kijiko juu! Nimeumbuka, tena peke yangu, mlango umefungwa. Naona aibu, na bado naitaka ile nafasi.

Wao wameshatoka. Mimi bado nimo humu na mkoba wangu, nachuruzika juu ya daftari. Kocha alinipa fomu ya timu — jina na umri, basi. Amebisha mlango wa nje mara mbili, anataka kuiwahisha ofisini. Nimemjibu bado naandika. Si uongo, ukurasa mzima huu nimeujaza. Kwenye fomu nimeandika umri wangu tu; pa jina bado peupe.