Kasha la Bibi Mwanaesha

Kibokoni, Mombasa
Jumatatu

Kaka yangu mpenzi Hussam,

Assalaam alaykum warahmatullahi wabarakatuh. Natumai barua hii itakukuta huko Maskati na afya njema, na lile goti limepunguza maumivu. Sisi hatujambo, alhamdulillah, ila nyumba bado inanuka moshi. Najua utashangaa dadako kushika kalamu zama hizi za simu. Nilikupigia mara mbili, na mara zote mbili ulianza kulia kabla sijafungua mdomo. Jirani yetu Ummukulthum anasafiri kesho, nitampa akuletee.

Moto ulianza alasiri, chumba cha juu. Majirani walipitishiana ndoo hadi gari la zimamoto likapata njia. Roshani imekwenda, dari imekwenda, na kasha la bibi limekuwa makaa. Waliokuja kutupa pole hawakuulizia dari. Walililia beti za bibi, alizoziandika kwa mkono wake, zilizoshinda mchwa na mvua miaka tisini. Nikawapa kahawa.

Kaingu, fundi wa umeme, amekiri kwamba waya aliouunga ndio uliowaka. Jana alikuja na mkewe Kadzo. Alikataa kiti, akakaa sakafuni, akasema dari ataijenga kwa mikono yake, lakini maneno ya bibi hajui atayarudisha vipi. Alikuwa akilia. Na wazee wameniambia umewaagiza wampeleke polisi Ijumaa baada ya swala. Umesema dari unamsamehe, beti humsamehe.

Hussam, kasha lilikuwa tupu.

Wiki moja kabla ya moto nilikuwa nasafisha nyumba, Ramadhani inakaribia. Nilikuwa na juzuu zetu za Kurani za chuoni zilizochanika, na unajua karatasi yenye maneno ya Mungu haitupwi jaani. Nikafungua na kasha. Beti nilidhani ziko kwenye daftari, kwa herufi za skuli, za Kizungu; sikuliona, nikadhani limewekwa pengine. Nilikuta rundo la karatasi za herufi za Kiarabu, ya juu imeanza na Bismillahi. Sikusoma mstari wa pili. Nilitia udhu, nikazichoma zote uani, majivu nikayamwaga baharini. Nilijiona nimepata thawabu!

Kesho yake nikaokota ukurasa mmoja nyuma ya mlango. Nikausoma herufi kwa herufi, nikingoja Kiarabu. Kikaja Kiswahili. Bibi alikuwa akimbembeleza mama alale.

Niliogopa kukwambia. Kisha moto ukaja, na Mungu anisamehe, kaka, nilipoona kasha linawaka nilishukuru.

Ijumaa nitawatangulia wazee mimi, niwaambie ukweli, kabla hawajamgusa Kaingu. Hasira zako zilete kwangu, ni haki yangu. Ukurasa uliobaki nimeutia humu. Usome kwa sauti, pole pole. Mama hakuwahi kutuimbia wimbo huu. Nadhani alikuwa ameusahau.

Nisalimie wifi, na watoto wabusu mmoja mmoja. Ukiweza kunijibu, nijibu, hata kwa kunigombeza.

Ni mimi dada yako,
Nasiha