Moto wa Verna

Kwako mdogo wangu Doreen,

Nimewasha mwenyewe lile tanuri la gesi linalopasha nyumba joto!

Lilizimika alfajiri. Nilipompigia mwanangu Garth, akanijibu, "Mama, usiguse kitu. Hilo jumba limekushinda, njoo ukae kwetu."

Kumbe kosa ni langu. Nilirundika theluji ukutani kuzuia baridi, kama mama alivyotufundisha, nikaziba bomba la hewa la tanuri. Nikalifukua kwa beleshi. Kisha nikashuka chini kwenye tanuri, nikafunga gesi, nikangoja, nikainama kunusa sakafu, maana gesi hii hutuama chini. Marehemu mume wangu Emil alikuwa akisema, "Ukisikia harufu, usiwashe hata taa. Toka nje." Harufu haikuwepo. Nikafungua gesi, nikashikilia kitufe, nikasogeza kiberiti kirefu. Mwali wa buluu ukasimama, Doreen, nikacheka peke yangu kama mwehu.

Jumamosi Garth anamleta mtu wa kuinunua nyumba. Sikuulizwa. Na waje tu. Joto litawavua makoti, nitawanywesha chai, halafu nitawarudishia makoti yao.

Ni mimi dada yako, niliyevaa blauzi moja tu Januari hii,

Verna