Kesi ya Mama Haikuzikwa Naye

Alhamisi, usiku

Usingizi hauji, na wala siutaki! Kuanzia leo, katika kesi ya shamba la kahawa alilotuachia baba, mdai ni mimi, badala ya marehemu mama.

Baba Mdogo, ambaye ndiye tunayemshtaki, alidhani kesi imeenda kaburini na mama. Matanga yalikuwa hayajaisha, tayari kaleta vibarua wachume.

Leo akasimama mahakamani na sauti yake ileile ya vikao vya ukoo. "Mheshimiwa, huyu ni mtoto wa kike, tena ameolewa huko Nanyala. Hawezi kushika nafasi ya marehemu."

Hakimu akavua miwani. "Ukoo ulipokaa kumchagua msimamizi wa mirathi, ambaye ndiye hushika kesi ya marehemu, mwenyekiti alikuwa nani?"

"Mimi, mheshimiwa."

"Na huyu binti alipendekezwa na nani?"

Akarekebisha kola ya shati. Halafu, kwa sauti ndogo, "Mimi."

Watu wakacheka mpaka karani akagonga meza. Nami nilijifunika uso kwa kitenge nisionekane nikicheka.

Najua kwa nini alinipendekeza. Alimwogopa kaka yangu Festo, mfanyabiashara wa Tunduma asiyejua kunyamaza. Mimi mpole, akafikiri nitagawa nguo za mama na kurudi kwa mume wangu.

Sasa nitatoa ushahidi mbele yake. Naogopa, nisijidanganye. Nikiwaza maswali ya wakili wake, najizoeza majibu kwa kunong'ona.

Lakini siku ile ya kikao cha kunichagua, Baba Mdogo alifunga kwa sala. Aliniwekea mkono kichwani, akamwomba Mungu anipe nguvu.

Amejibiwa.